Pesa yako iko KRA? Usingoje simu, ifuate mwenyewe

Kuna mwembe mmoja huku kwetu Adu ambao sisi vijana tunauita ofisi. Sio kwa sababu ya kivuli. Ni kwa sababu ukisimama upande wake wa mashariki, simu ukiinyanyua kidogo kama mtu anayepima upepo, intaneti inashika. Hapo ndipo watu huomba kazi, hutongoza, hutuma CV, hugombana na wapenzi walio Mombasa. Na hapo ndipo mimi, Agosti mwaka jana, nilisimama saa kumi na moja alfajiri nikifuatilia shilingi 9,000 zangu.

Wewe ukisoma hivi uko Kilifi mjini au Nairobi, unaweza kucheka. Elfu tisa tu? Lakini elfu tisa kwetu ni ada ya mtoto, ni mabati, ni mbuzi wawili ukijua kupatana. Na hii haikuwa pesa ya kuomba mtu. Ilikuwa jasho langu ambalo lilikatwa ushuru, na sheria yenyewe inasema sikustahili kukatwa.

Nakuandikia kwa sababu najua uko hivyo pia. Ulifanya kibarua cha miezi mitatu minne, ukakatwa asilimia 5, ukasema "serikali imekula", ukaendelea na maisha. Mse wangu, huenda serikali haijala. Huenda imekuwekea tu, inangoja uiulize.

Ilivyoanza

Chuo niliacha mwaka wa pili. Hiyo hadithi ni ya siku nyingine. Mwanzoni mwa 2024 nikapata kazi na shirika moja lililokuwa linakusanya takwimu nyumba kwa nyumba huku Magarini. Miezi minne, shilingi 45,000 kila mwezi. Kwenye mkataba niliandikwa mshauri. Mimi, mshauri, na viatu vilivyotoboka kwa mchanga wa Marafa!

Kila mwezi nilipokea 42,750. Zile 2,250 zilizopungua nilizihesabu kama hasara ya kawaida, kama vile unavyohesabu nauli. Zidisha mara nne: 9,000.

Mwaka uliofuata ndipo jamaa mmoja tuliyefanya naye kazi akaniuliza, "Kaka, wewe refandi yako umeshaichukua?" Nikamuuliza refandi ya nini. Akaniangalia kama mtu aliyeacha pochi sokoni.

Hesabu yenyewe ni nyepesi

Hebu tuifanye pamoja, hata kama hesabu ilikutoa jasho shule.

Ukiwa na mkataba wa kujitegemea na malipo yako kwa mwezi yamefika shilingi 24,000, anayekulipa hukukata asilimia 5 na kuipeleka KRA. Huu ndio ushuru wa zuio. Kumbuka: si ushuru wako wa mwisho. Ni kama rehani. Mwisho wa mwaka unapojaza ritani ndipo inajulikana unadaiwa kiasi gani hasa.

Mimi mwaka mzima wa 2024 nilipata 180,000. Kiwango cha chini kabisa cha ushuru wa mapato ni asilimia 10, na kinashika shilingi 288,000 za kwanza za mwaka. Asilimia 10 ya 180,000 ni 18,000. Lakini kila mkazi wa Kenya ana nafuu ya kibinafsi ya 28,800 kwa mwaka, yaani 2,400 kila mwezi. Toa 28,800 kwenye 18,000 na hakuna kinachobaki. Ushuru wangu ulikuwa sufuri. Kwa hiyo zile 9,000 zilizokwisha kukatwa ni zangu zote.

Umeona? Kama mapato yako yote ya mwaka hayakufika 288,000 na ulikatwa asilimia 5, kuna pesa yako huko. Na usidhani ni watu wa mikataba tu. Wewe unayetengeneza video ukalipwa kwa matangazo, Sheria ya Fedha ya 2023 ilileta makato ya asilimia 5 hayo hayo kwa wanaotengeneza maudhui mtandaoni. Wewe uliyeajiriwa hotelini Watamu, angalia fomu yako ya P9. Tangu 27 Desemba 2024, makato ya SHIF na ya nyumba za bei nafuu yanapaswa kutolewa kwenye mshahara kabla ya ushuru kukokotolewa. Ikiwa mwajiri hakufanya hivyo, ulitozwa zaidi. Aliye na bima ya maisha ana nafuu yake. Na mwenye ulemavu aliyepewa cheti cha msamaha na KRA hatozwi ushuru kwa shilingi 150,000 za kwanza za mwezi. Wengi huko vijijini wana ulemavu na kazi, lakini cheti hawana.

Kosa langu la kwanza: "nipigie nil"

Sasa sikiliza nilivyojiharibia. Juni 2025, siku mbili kabla ya tarehe 30, nilikwenda saiba. Foleni ilikuwa ndefu hadi kwa mama wa viazi karai. Nilipofikiwa nikasema yale maneno ambayo kila kijana wa Kenya anayajua: "Nipigie nil." Nikalipa, nikapewa karatasi, nikaenda zangu nikijiona raia mwema.

Nil maana yake ni nini? Ni kuiambia KRA kwamba mwaka mzima sikupata hata shilingi. Na huko kwenye akaunti yangu ya iTax kulikuwa na vyeti vinne vya ushuru wa zuio vyenye jina langu na PIN yangu. Yaani mkono mmoja unasema sikupata kitu, mkono wa pili una risiti. Hapo refandi utaiomba vipi?

Kwa hiyo kabla hujamlaumu mtu yeyote, jiulize: mwaka ule ulipigiwa nini? Kama ni nil na ulipata pesa, sio mwisho wa dunia. Ritani inaweza kurekebishwa. Nilipakua faili la Excel la ritani, nikalijaza upya chini ya mwembe wangu, nikaweka mapato yote 180,000, nikaweka na vile vyeti vinne kimoja kimoja, nikalirudisha. Safari hii mwisho wa hesabu ukaonyesha 9,000 ikiwa na alama ya kutoa mbele yake. Hiyo alama ndiyo tunayoitafuta. Maana yake ulilipa kuliko ulichodaiwa.

Halafu hapa wengi hukosea mara ya pili. Wanadhani wakishajaza ritani, pesa itakuja yenyewe. Haiji! Ritani ni hesabu, ombi ni jambo jingine. Lazima uende sehemu ya refandi kwenye iTax, uchague ushuru wa mapato, uchague mwaka, ueleze sababu, uambatishe karatasi zako, utume. Ukimaliza unapata risiti yenye nambari. Hiyo nambari iandike kwenye simu, kwenye daftari, hata ukutani. Ndiyo kitambulisho cha ombi lako.

Na una muda. Kwa ushuru wa mapato, sheria inakuruhusu kuomba ndani ya miaka 5 tangu ulipolipa. Kibarua chako cha 2023 bado kinahesabika.

Kosa langu la pili: barua pepe ya mtu mwingine

Nilituma ombi mwanzoni mwa Agosti. Nikamwambia mama. Na hapo ndipo jambo likawa zito.

Mama yangu yuko kwenye chama cha akina mama. Aliposikia mwanawe ana elfu tisa zinakuja kutoka serikalini, alikopa kwenye chama kwa matumaini hayo, mdogo wangu akarudi shule na ada kamili. Alinisifu mbele ya wenzake. "Mwanangu anajua mambo ya kompyuta."

Septemba ikapita. Mama akawa ananiuliza kila Jumapili, kwa upole, "Mwanangu, zile pesa zimefikia wapi?" Namjibu, "Zinashughulikiwa, mama." Oktoba akawa haulizi tena. Ananiangalia tu. Kama una mama wa pwani unajua, lile jicho ni zito kuliko swali.

Mimi nilikuwa nangoja. Nilidhani kufuatilia ni kungoja simu. Nilipoingia iTax tena na kutazama ombi langu, nikakuta nilikuwa nimeombwa stakabadhi zaidi: nakala ya mkataba na taarifa ya benki kuonyesha malipo. Ujumbe ulikuwa umetumwa kwa barua pepe wiki nyingi nyuma. Mimi sikupata kitu. Kwa nini?

Turudi nyuma. PIN yangu niliitengenezewa nikiwa na miaka 18, wakati wa kuomba mkopo wa HELB. Sikuwa na barua pepe. Kijana wa saiba akaweka yake. Nywila akaniandikia kwenye kipande cha karatasi, nikakitunza kama cheti cha kuzaliwa. Miaka ile yote, kila ujumbe kuhusu ushuru wangu ulikwenda kwa mtu ambaye sasa yuko Mtwapa anauza simu, na ambaye barua pepe hiyo hata yeye aliisahau.

Sasa wewe. Weka simu chini kidogo ufikirie. PIN yako ina barua pepe ya nani? Nambari ya simu ya nani? Kama huna uhakika, hilo ndilo la kwanza leo, kabla ya refandi, kabla ya chochote. Ingia kwenye iTax, nenda kwenye kurekebisha maelezo ya PIN, weka yako. Na ukiwa hapo hapo angalia akaunti ya benki. Refandi huingia benki, kwenye akaunti uliyoisajili. Ikiwa tarakimu moja imekosewa au akaunti ililala zamani, pesa itaidhinishwa na bado usiione.

Namna ya kucheki ombi lako

Haya, tuweke kwa utaratibu ili uufanye leo jioni ukiwa na bando.

Kwanza, ingia iTax kwa PIN yako na nywila, ujibu ile hesabu ndogo ya kujumlisha au kutoa wanayokuuliza mlangoni. Ingia mwenyewe. Anayekusaidia akae pembeni.

Pili, fungua sehemu ya kufuatilia maombi, utafute ombi la refandi kwa ile nambari ya risiti. Soma hali yake. Kama bado linakaguliwa, sawa. Kama umeombwa karatasi, zitume siku hiyo hiyo. Kama limekataliwa, soma sababu iliyoandikwa, maana una siku 30 tu za kupinga. Siku ya 31 utakuwa unapiga kelele mtoni.

Tatu, fungua leja yako ya mlipa ushuru. Wengi hawaijui hii na ndiyo inayosema ukweli wote. Leja inaonyesha ulichodaiwa, ulicholipa na kilichobaki, mwaka kwa mwaka. Kwa nini ni muhimu? Kwa sababu kama unadaiwa, refandi yako hukatwa kufidia deni kabla hujapewa kilichobaki. Na deni linalowapata vijana wengi ni faini ya kuchelewesha ritani: shilingi 2,000 au asilimia 5 ya ushuru, kutegemea ipi ni kubwa. Hata kama huna kazi. Ulichukua PIN kwa sababu ya HELB, hukujaza kitu, faini inakungoja. Usishangae ukiomba 9,000 ukapata kidogo.

Nne, hesabu siku. Zamani KRA ilikuwa na siku 90 za kuamua ombi. Sheria ya Fedha ya 2025 ilisogeza hadi siku 120 kuanzia Julai 2025, na ombi likipelekwa kwenye ukaguzi ni siku 180. Kwa hiyo usianze kulia wiki ya tatu. Lakini pia usilale miezi mitano. Weka alama kwenye kalenda.

Tano, ikiwa siku zimepita, uliza ukiwa na nambari yako mkononi. Simu ya huduma kwa wateja ya KRA ni 0711 099 999. Ukipenda uso kwa uso, kuna ofisi ya KRA Malindi. Nenda na kitambulisho, nakala ya risiti, vyeti vyako na mkataba. Usiende na hasira tupu.

Na usipoteze nauli kwenda ofisi za kaunti. Kuna mzee hapa kwetu aliyenishauri nimwone mtu wa wodi. Nilimheshimu, nikamwambia nitafanya hivyo, lakini nilijua haisaidii. Chini ya Katiba ya 2010, kifungu cha 209, ushuru wa mapato ni wa serikali ya kitaifa peke yake. Kaunti ina kodi za ardhi na ada zake, refandi yako haimo kwenye makabati yao. Binamu yangu yuko Marekani, huko majimbo mengi yana ushuru wao wa mapato, kwa hiyo mtu anaweza kufuatilia refandi mbili, ya jimbo na ya taifa. Wewe una moja tu. Ifuate moja vizuri.

Wajanja hawakosi

Ukianza kufuatilia pesa, kuna wanaoanza kukufuatilia wewe. Utapata ujumbe: "Refandi yako imeidhinishwa, bonyeza hapa." Au mtu anakupigia kwa sauti ya ofisini anakuambia utume ada kidogo ili pesa ifunguliwe. Kuomba refandi hakulipiwi. Hakuna afisa anayehitaji nywila yako wala nambari ya siri ya M-Pesa. Usibonyeze. Ingia iTax mwenyewe utazame.

Na yuko yule mjanja wa kijiweni anayekuambia, "Nipe PIN, nitakutolea refandi kubwa, tugawane." Anaweka bima usiyo nayo, anaweka makato ya uongo. Kumbuka ritani ina jina lako, si lake. Siku KRA ikiuliza, yeye atakuwa amehama na wewe ndiye utakayejibu. Omba kilicho chako, shilingi kwa shilingi.

Mbuzi

Nilituma zile karatasi zilizoombwa mwishoni mwa Oktoba. Nilibadilisha barua pepe, nikapanda boda hadi Marafa, matatu hadi Malindi, nikavuka daraja la Sabaki nikiwa na bahasha kifuani kama mtu anayekwenda kuposa. Afisa aliyenihudumia alitazama kwenye kompyuta yake akaniambia, "Kijana, ombi liko sawa sasa. Lilikuwa linakungoja wewe." Maneno hayo yaliniuma kuliko kukataliwa.

Wiki mbili baadaye chama kilimtaka mama alipe. Sikuwa na kitu. Mama hakugombana na mimi. Alikwenda zizini, akafungua mbuzi jike mmoja mweupe, akampeleka sokoni. Alikuwa na mimba yule mbuzi. Aliporudi alinipa maji ya kunywa, akaniuliza kama nimekula.

Pesa ziliingia Desemba, kabla ya Krismasi. Shilingi 9,000 kamili. Simu ililia nikiwa chini ya mwembe ule ule. Nilimpelekea mama zote. Alizihesabu, akanirudishia elfu moja ya bando, akasema, "Nyingine usizingoje hivyo."

Mbuzi mwingine tulimnunua Januari, mdogo, bado anajifunza zizi.

Ndiyo maana nakuambia wewe unayesoma: Juni 30 inakuja tena. Usiende saiba siku mbili kabla useme nil kama kasuku. Ingia leo, tazama vyeti vyako, tazama barua pepe, tazama akaunti, tazama leja. Kama kuna chako, kiombe, kisha kila wiki mbili simama kwenye mwembe wako, popote ulipo, ukitazame kimefikia wapi.